Kabla Hamjatia Sahihi: Hesabu ya Mkopo wa Nyumba

Bwana na bibi wanapofikiria kununua nyumba kwa mkopo, mara nyingi huuliza maswali mawili: nyumba ni bei gani, na kila mwezi tutalipa ngapi? Maswali hayo ni mazuri, lakini hayatoshi. Lipo la tatu ambalo ni kubwa kuliko hayo, nalo husahauliwa mpaka wino umekwisha kukauka: hadi siku ya mwisho ya deni, tutakuwa tumetoa pesa ngapi kwa jumla?

Wahenga walisema, mali bila daftari hupotea bila habari. Basi leo chukueni daftari na kalamu, mketi wote wawili mezani, tufanye hesabu hii pamoja.

Bei ya nyumba siyo gharama yake

Tuchukue mfano. Bwana na bibi, wote wameajiriwa, wanataka nyumba ya shilingi 5,000,000. Wameweka akiba ya shilingi 1,000,000. Benki inakubali kuwakopesha 4,000,000 zilizobaki, kwa riba ya asilimia 14 kwa mwaka, zilipwe kwa miaka 20. Malipo ya kila mwezi yatakuwa kama shilingi 49,741. Wanajumlisha mishahara yao, wanaona kwamba kwa kujibana kidogo wataweza.

Sasa tuzidishe. Shilingi 49,741 mara miezi 240 ni karibu shilingi 11,938,000. Walikopa milioni 4, watarudisha karibu milioni 12. Riba peke yake ni karibu shilingi 7,938,000, yaani karibu mara mbili ya pesa walizokopa. Mkiongeza ile milioni yao ya kwanza, nyumba ya milioni 5 itakuwa imewagharimu karibu milioni 13.

Benki haijawaibia. Pesa za mwenzio zina kodi yake, kama vile nyumba ya kupanga ilivyo na kodi yake, na kadiri unavyokaa nazo ndivyo unavyozidi kulipa. Tena ni haki kusema kwamba anayepanga naye hutoa pesa ambazo hazirudi, na kwamba shilingi 49,741 za leo hazitakuwa na uzito uleule baada ya miaka 15, kwa maana mishahara na bei za vitu hupanda. Hatusemi msikope. Tunasema mkope mkiwa mmeiona hesabu yote.

Kwa nini deni halipungui?

Katika mwezi wa kwanza, riba ya asilimia 14 kwa mwaka juu ya shilingi 4,000,000 ni shilingi 46,667. Kwa hiyo katika zile 49,741 mlizopeleka benki, zilizopunguza deni lenyewe ni shilingi 3,074 tu. Mwezi wa pili deni limepungua kidogo, riba nayo inapungua kidogo, na sehemu ya kupunguza deni inaongezeka kidogo. Mwendo ni huo, polepole sana mwanzoni, kisha kwa kasi miaka ya mwisho.

Baada ya miaka 5 mtakuwa mmelipa kama shilingi 2,984,000. Deni litakuwa limebaki shilingi ngapi? Karibu 3,735,000. Katika karibu milioni 3 mlizotoa, deni limepungua kwa kama shilingi 265,000. Nusu ya deni haitakuwa imelipwa mpaka mwaka wa 16 umeanza.

Hapa ndipo ugomvi unapoweza kuzuka. Bibi ambaye kila mwezi huambiwa kwamba pesa zimekwenda benki, siku moja anaona karatasi ya deni na kudhani mumewe amemficha jambo. Au bwana anamlaumu mkewe kwamba nyumba imemeza mshahara wake wote na hakuna kinachoonekana. Huenda hakuna aliyemdanganya mwenzake. Ni hesabu tu ambayo wote wawili hawakuitazama mapema. Ombeni benki jedwali la malipo, linaloonyesha mwezi kwa mwezi ni kiasi gani kinakwenda kwenye riba na kiasi gani kwenye deni. Msitie sahihi kabla ya kulisoma mstari kwa mstari.

Riba inayopanda

Mikopo mingi ya nyumba nchini Kenya ni ya riba inayobadilika. Asilimia 14 mliyoambiwa leo si ahadi ya miaka 20. Kumbukeni yaliyotokea miaka hii ya karibuni: kiwango cha riba cha Benki Kuu ya Kenya kilikuwa asilimia 7 mwanzoni mwa mwaka 2022, na kufikia Februari 2024 kilikuwa asilimia 13. Mabenki nayo yalipandisha riba zao. Kuanzia Agosti 2024 Benki Kuu ilianza kukishusha tena, lakini waliokuwa na mikopo walikuwa wamekwisha kuonja.

Turudi kwa mfano wetu. Tuseme baada ya miaka 5 riba inapanda kutoka asilimia 14 hadi 17. Ili wamalize katika muda uleule, malipo ya mwezi yatapanda hadi kama shilingi 57,482, nyongeza ya zaidi ya shilingi 7,700. Na wakiendelea kulipa zile 49,741 za zamani? Riba peke yake sasa ni kama shilingi 52,900 kwa mwezi. Hawatakuwa wanapunguza deni hata kidogo. Deni litakuwa linakua huku wakilipa kila mwezi bila kukosa.

Kwa sababu hiyo, ulizeni kama upo mkopo wa riba isiyobadilika. Kampuni ya Kenya Mortgage Refinance Company, iliyopata leseni ya Benki Kuu mwaka 2020, huwapa mabenki na vyama vya akiba na mikopo pesa za muda mrefu, ili nao waweze kuwakopesha wananchi wa kipato cha kadiri kwa riba isiyofika asilimia 10. Si kila mtu atakayekubaliwa, maana kuna masharti ya kipato na kiasi cha mkopo, lakini kuuliza si ujinga. Mkopo uleule wa 4,000,000 kwa asilimia 9.5 kwa miaka 20 ungekuwa wa shilingi 37,285 kwa mwezi, na kwa jumla ungewaokolea karibu shilingi milioni 3.

Gharama za mlangoni

Zipo pesa ambazo hutakiwa kabla hamjapewa ufunguo. Ushuru wa stempu ni asilimia 4 ya thamani ya nyumba mjini na asilimia 2 mashambani. Kwa nyumba yetu ya mjini hiyo ni shilingi 200,000. Ongezeni ada ya wakili, ya mthamini, na ya benki kwa kuandaa mkopo. Kisha kuna bima ya moto na bima ya maisha ya mkopaji. Mkizilipa kwa kuchukua mkopo mwingine mdogo wa haraka, mmeanza safari mkiwa na madeni mawili.

Kuhusu bima ya maisha, ulizeni jambo moja ambalo wengi huona haya kulitamka: ni maisha ya nani yaliyokatiwa bima? Kama nyumba inalipwa kwa mishahara miwili na bima ni ya bwana peke yake, siku bibi akifariki mjane huyo atabaki na deni zima na mshahara mmoja. Ni afadhali kuliongea sasa mkiwa wazima.

Upo pia msaada kidogo wa serikali. Mwenye mkopo wa nyumba anayoishi huruhusiwa kuondoa riba anayolipa katika hesabu ya kipato kinachotozwa kodi, na tangu mwisho wa mwaka 2024 kiwango cha juu ni shilingi 360,000 kwa mwaka. Kwa anayetozwa asilimia 30, hiyo ni nafuu ya hadi shilingi 9,000 kwa mwezi. Wengine hawaidai kwa sababu hawajui kwamba ipo.

Muda ndio unaokula pesa

Watu hupenda muda mrefu kwa sababu malipo ya mwezi huonekana madogo. Tazameni mkopo wetu wa 4,000,000 kwa asilimia 14:

Kwa miaka 25: shilingi 48,150 kwa mwezi, jumla karibu 14,445,000.
Kwa miaka 20: shilingi 49,741 kwa mwezi, jumla karibu 11,938,000.
Kwa miaka 15: shilingi 53,270 kwa mwezi, jumla karibu 9,589,000.

Anayechagua miaka 25 badala ya 20 hupata nafuu ya kama shilingi 1,600 kwa mwezi, na nafuu hiyo humgharimu zaidi ya milioni 2.5. Anayechagua miaka 15 huongeza kama shilingi 3,500 kwa mwezi na kuokoa zaidi ya milioni 2.3.

Kama mmekwisha kuchukua mkopo wa miaka 20, msikate tamaa. Mkiongeza shilingi 5,000 juu ya malipo ya kila mwezi tangu mwanzo, mtamaliza katika miaka 13 na miezi 9, na mtaokoa karibu shilingi milioni 2.9. Mwaka wa kwanza ndio wenye faida kubwa kuliko yote. Lakini kwanza ulizeni benki kama kuna faini ya kulipa mapema, kisha agizeni kwa maandishi kwamba nyongeza hiyo ipunguze deni lenyewe.

Sahihi mbili, siyo moja

Sheria ya Ardhi ya mwaka 2012 na Sheria ya Mali ya Ndoa ya mwaka 2013 zinataka mume na mke wote wakubali kabla nyumba ya ndoa haijawekwa rehani. Wako mabwana ambao huwaletea wake zao karatasi jioni na kusema, "Weka sahihi hapa, mambo ya benki nitayashughulikia mimi." Na wako mabibi ambao hutia sahihi bila kusoma kwa kuona kwamba kuuliza ni kukosa heshima. Bwana, ridhaa ya mkeo si muhuri wa ofisi. Bibi, kusoma kabla ya kutia sahihi si kumshuku mumeo. Malipo yakishindikana, benki hutoa notisi, kwanza ya miezi 3 ya kulipa, kisha ya siku 40 kabla ya kuuza. Mkifikia mnada mtahama wote, pamoja na watoto.

Jambo lingine ni majina kwenye hati. Katika nyumba nyingi mmoja hulipa mkopo, na mwingine hulipa chakula, karo na matibabu. Asiseme yule wa kwanza, "Nyumba ni yangu." Asingeweza kulipa benki kama mwenzake hangebeba yale mengine. Sheria ile ya mwaka 2013 inatambua hata kazi za nyumbani na kulea watoto kuwa ni mchango. Andikeni majina yote mawili, mzizi wa fitina ukatwe mapema.

Jipimeni kwanza

Kabla ya kwenda benki, fanyeni zoezi hili kwa miezi 6. Kama leo mnalipa kodi ya shilingi 22,000 na mkopo utakuwa wa 49,741, basi kila mwezi wekeni tofauti yake, karibu shilingi 27,700, katika chama cha akiba na mikopo. Msiiguse, hata shule zikifunguliwa, hata kukiwa na mchango wa matanga. Mkiweza miezi 6, mmejua nguvu yenu na mmepata akiba ya shilingi 166,000. Mkishindwa mwezi wa tatu, hamjapoteza kitu. Mtatafuta nyumba ya bei ndogo, au mtanunua ploti na kujenga chumba baada ya chumba, kama wafanyavyo Wakenya wengi. Nchi nzima ilikuwa na mikopo ya nyumba ya benki karibu 30,000 tu mwishoni mwa mwaka 2023, kwa hiyo asiye na mkopo huo asijione amebaki nyuma.

Maswali ya kujadiliana mume na mke

1. Tukijumlisha kila kitu, nyumba hii itatutoka kwa shilingi ngapi?
2. Riba ikipanda kwa asilimia 3, tutapunguza nini?
3. Mmoja wetu akipoteza kazi, tunaweza kulipa kwa miezi mingapi?
4. Wazazi wetu na ndugu tunaowasaidia wanajua kwamba mkono wetu utafupika?
5. Tutakuwa na umri gani siku ya malipo ya mwisho, na je, mmoja wetu atakuwa amestaafu?

Wahenga walituonya: kukopa arusi, kulipa matanga. Siku ya kupokea ufunguo ndugu watakuja kushangilia, na picha zitapigwa. Kuanzia mwezi unaofuata mtabaki ninyi wawili na miezi 240. Kama mliifanya hesabu pamoja, mwezi mgumu ukija mtaukabili pamoja. Kama aliifanya mmoja, mwingine atauliza, "Kwani ulituingiza wapi?" Basi, ulizaneni sasa, kalamu ingali mezani.