Tabia Sumbufu Darasani: Kutafuta Maana Kabla ya Dawa

Mwalimu aendapo kwenye mazoezi ya kufundisha, huenda akamkuta darasani mtoto mwenye ulemavu wa akili au usonji ambaye hujiuma mkono, hupiga kichwa ukutani, hutupa daftari au huwapiga wenzake. Aghalabu neno la kwanza lisemwalo juu ya mtoto huyo ni kwamba ni mtundu, au kwamba amedekezwa nyumbani. Jambo la pili huwa ni fimbo. Katika makala hii tunakusudia kuonyesha kwamba tabia ya namna hiyo ina kazi inayomfanyia mtoto, na kwamba mwalimu asiyeijua kazi hiyo aweza kuikuza tabia ile ile anayodhani anaikomesha.

1. Tabia ina kazi yake

Mtoto asiyeweza kusema, au mwenye maneno machache, ana haja zile zile za watoto wengine. Hutaka kuangaliwa; hutaka kuepuka kazi inayomshinda; hutaka kupata kitu fulani. Pengine tendo lenyewe humpa raha au humpunguzia kero mwilini, hata kama hapana mtu karibu naye.

Mwaka 1982 Brian Iwata na wenzake, huko Marekani, walitoa taarifa ya uchunguzi wao juu ya watoto na vijana tisa wenye ulemavu waliokuwa wakijiumiza wenyewe. Waliwatazama katika hali mbalimbali: wakipewa kazi, wakiachwa peke yao, wakicheza, na wakiangaliwa kila walipojiumiza. Kwa wengi wao kujiumiza kulizidi katika hali moja mahususi, wala hali hiyo haikuwa moja kwa wote. Hapa twapata fundisho kubwa: watoto wawili waweza kutenda tendo moja kwa sababu mbili tofauti, na kwa hiyo dawa moja haiwezi kuwafaa wote wawili.

2. Kutazama na kuandika

Kwanza kabisa mwalimu aulizie afya. Mtoto asiyeweza kusema kwamba jino au sikio linamuuma aweza kupiga kichwa ukutani kwa maumivu. Njaa, usingizi na kifafa navyo vyafaa kuulizwa kwa mzazi, na inapolazimu mtoto apelekwe zahanati. Hakuna mbinu ya kufundishia inayotibu jino bovu.

Baada ya hapo mwalimu aandike katika daftari, kwa muda wa wiki moja au mbili, mambo matatu kila tabia inapotokea: kilichotangulia, alichotenda mtoto, na kilichofuata. Tuchukue mfano wa kubuni wa mtoto wa darasa la pili:

Jumatatu, saa 3:10. Hesabu za kutoa zimeandikwa ubaoni. Mtoto ajiuma mkono. Mwalimu amtoa nje.
Jumanne, saa 4:30. Kipindi cha kuimba. Hakujiuma.
Jumatano, saa 3:15. Hesabu tena. Mtoto ajiuma na kupiga kelele. Mwalimu amtoa nje.

Mwalimu huyu anaamini kwamba anaadhibu. Kumbe kila ajiumapo mtoto, hesabu huondoka. Kutolewa nje kumekuwa ujira wake. Lakini kama daftari lingeonyesha kwamba mtoto hujiuma wakati mwalimu anaposhughulika na wenzake, na kwamba hapo mwalimu huja kumkaripia, basi karipio lenyewe ndilo lingekuwa ujira, na kumtoa nje kungekuwa na maana nyingine kabisa.

3. Kufundisha njia nyingine ya kuomba

Mwaka 1985 Edward Carr na Mark Durand walichapisha kazi yao na watoto wanne wenye ulemavu. Walipokwisha kujua kama mtoto anataka kusaidiwa katika kazi ngumu au anataka kuangaliwa, walimfundisha maneno ya kuomba jambo hilo hilo. Tabia sumbufu ikapungua sana. Watoto walipofundishwa maneno yasiyohusiana na haja yao, hakukuwa na nafuu kama hiyo.

Kwa mtoto wa mfano wetu, mwalimu aweza kufanya hivi:

(a) Apunguze ugumu: hesabu mbili badala ya kumi, kwa kutumia vijiti au mbegu.
(b) Amfundishe ishara moja ya kuomba msaada: kuinua mkono, kugusa kadi yenye picha, au kusema "nisaidie".
(c) Ishara itolewapo, msaada uje mara moja, ili mtoto aone kwamba njia mpya ni nyepesi kuliko ya zamani.
(d) Ishara ikizoeleka, kazi iongezwe kidogo kidogo.

4. Tahadhari

Tabia iliyozoea kulipwa huweza kuzidi katika siku za mwanzo za kunyimwa malipo, ndipo ipungue. Mwalimu akikata tamaa wakati huo na kumpa alichotaka, atakuwa amemfundisha kupiga kelele kwa muda mrefu zaidi. Hata hivyo, usalama hautangojea: mtoto anayejiumiza azuiwe kwa upole, bila hasira na bila maneno mengi. Akijiumiza vibaya, mwalimu asihangaike peke yake, bali awashirikishe mwalimu mkuu, mzazi, mwalimu wa elimu maalumu na mganga. Mzazi naye aonyeshwe ishara ile ile, ili itumike nyumbani.

Fimbo yaweza kunyamazisha tendo kwa saa moja. Haimfundishi mtoto namna ya kuomba msaada, na haja iliyomsukuma hubaki pale pale, ikitafuta mlango mwingine.

Maswali ya kujadili

1. Mtoto huangusha kiti kila mwalimu anapowageukia wanafunzi wengine. Tabia hiyo yaelekea kuwa na kazi gani? Ungemfundisha ishara ipi?
2. Kwa nini kumtoa nje kwaweza kupunguza tabia ya mtoto mmoja na kuzidisha ya mwingine?
3. Katika mazoezi ya kufundisha yajayo, mtazame mwanafunzi mmoja kwa siku tano, uandike mambo yale matatu. Je, dhana uliyokuwa nayo siku ya kwanza imethibitika?