SOMO LA MAZINGIRA: SIFONGO WA MCHANGANI NA DAWA YA SARATANI YA DAMU

Sifongo ni mnyama, ingawa hana mdomo, tumbo, moyo wala mishipa ya fahamu. Wakaazi wa pwani za Unguja na Pemba humwona maji yanapokupwa, akiwa ameganda juu ya mwamba kama donge la rangi. Mwili wake umejaa matundu madogo. Seli zenye vijimkia huvuta maji kupitia matundu hayo, huyachuja na kunasa bakteria na chembe za chakula, kisha maji hutokea kwenye tundu kubwa zaidi. Kwa kuwa sifongo mzima hawezi kumkimbia adui, aina nyingi hujilinda kwa kemikali zilizomo mwilini mwao. Kemikali hizo ndizo zilizowavuta wataalamu wa dawa.

Mfano ulio bora ni wa sifongo wa mbali, aitwaye kitaalamu Tectitethya crypta. Anaishi katika maji mafupi ya Florida, Marekani, na ya Bahari ya Karibi. Neno crypta maana yake ni kilichofichika, nalo linamstahiki, kwani mwili wake hufunikwa na mchanga na mwani hata mpitaji asitambue kuwa hapo pana kiumbe hai. Mwanakemia Werner Bergmann aliwakusanya sifongo hao karibu na kisiwa cha Elliott Key mwaka 1945. Wakati huo aina hiyo ilikuwa haijapewa jina la kitaalamu. Ilipewa mwaka 1949.

Bergmann alikuwa akichunguza mafuta ya viumbe vya baharini. Sifongo waliokaushwa walipochemshwa katika asetoni, zilijitokeza fuwele ambazo hazikuwa mafuta. Yeye na mwenzake Robert Feeney walieleza muundo wa fuwele hizo mwanzoni mwa miaka ya 1950, na kuziita spongothimidini. Baadaye ilipatikana nyingine iliyofanana nayo, spongouridini.

Ili kufahamu uzito wa jambo hilo, yafaa kukumbuka kwamba maagizo ya urithi ya kila kiumbe yameandikwa katika DNA. DNA ni mfano wa shanga zilizotungwa katika uzi mrefu, na kila ushanga una sukari ndani yake. Katika DNA sukari hiyo ni deoksiribosi. Katika kemikali za sifongo huyu sukari ni arabinosi, ambayo tofauti yake ni ndogo sana: kwenye kaboni ya pili pana kundi la oksijeni na haidrojeni lililoelekea upande wa juu. Kabla ya hapo wataalamu walizoea kuona kwamba kiumbe hutumia ribosi au deoksiribosi tu katika shanga za namna hiyo.

Wataalamu walitambua kuwa ushanga wa kuiga ungeweza kuidanganya seli. Mwaka 1959, katika Chuo Kikuu cha California, Berkeley, ilitengenezwa sitarabini, yenye arabinosi kama ile ya sifongo. Seli inayojigawa huipokea na kuitunga katika uzi mpya wa DNA. Uzi hukwama, na seli hufa. Kwa kuwa seli za saratani ya damu hujigawa kwa wingi, ndizo zinazopigwa zaidi. Hata hivyo, dawa hiyo hudhuru pia seli njema za uboho, na kwa sababu hiyo hutolewa hospitali chini ya uangalizi wa daktari. Iliidhinishwa Marekani mwaka 1969, na imo katika orodha ya dawa muhimu ya Shirika la Afya Duniani.

Utafiti haukuishia hapo. Mwaka 2015 ilitangazwa kwamba bakteria mmoja aishiye ndani ya sifongo huyu ana uwezo wa kutengeneza spongosini, kemikali nyingine ya jamii hiyo. Yaani hazina ya kiumbe kimoja yaweza kuwa imo katika kiumbe kingine kisichoonekana kwa macho.

Somo hili lina mafunzo mawili. Kwanza, sitarabini hutengenezwa kiwandani na haihitaji sifongo hata mmoja. Kilichotoka baharini kilikuwa elimu, na elimu hiyo ilipatikana kwa sampuli chache. Kwa hiyo thamani ya kiumbe haipimwi kwa uzito wake, na chupa ndogo yaweza kubeba mali kubwa. Mkataba wa Kimataifa wa Bioanuwai wa mwaka 1992, ambao Tanzania ni mwanachama wake, unatambua mamlaka ya kila nchi juu ya rasilimali zake za kijenetiki. Itifaki ya Nagoya ya mwaka 2010 ikaongeza utaratibu wa kugawana faida kwa haki. Sheha au Bwana Diko anapomwona mtu akikusanya viumbe kwa uchunguzi, ni wajibu wake kuuliza kibali, na mtafiti mwema hatachukizwa na swali hilo.

Pili, kemikali ya sifongo si dawa mpaka ipimwe. Wananchi wanatahadharishwa wasile sifongo wala kumchemsha kwa kutibu maradhi. Miiba yake midogo huwasha ngozi, na baadhi ya aina zina sumu. Aidha, wavuvi wa pweza na waokotaji chaza wanaombwa wasivunje mwamba wala kuwang'oa sifongo. Anayeharibu kisichojulikana hawezi kujua amepoteza nini.