SOMO: HIDILYN DIAZ, MWANAMKE ALIYEPATA ZERO



Kisha matokeo ya mitihani kubandikwa, wenzetu wawili walianza kufunga mizigo. Mmoja aliniuliza: «Mukubwa, nimepata zero mu hesabu, nabaki hapa juu ya nini?» Sikukuwa na jibu. Ndiyo sababu ninaandika somo hili.

1. Utoto wake
Hidilyn Diaz alizaliwa tarehe 20 Februari 1991 mjini Zamboanga, kusini ya Ufilipino. Baba yake aliendesha pikipiki ya magurudumu matatu yenye kubeba watu. Watoto walikuwa sita, pesa kidogo. Hidilyn alibeba bidoni za maji mpaka nyumbani, sawa vile sisi tunafanya kila asubuhi. Alianza kujifunza kuinua na bomba za plastiki na uzito wa simenti.

2. Sheria ya mchezo
Kuna namna mbili za kuinua. Ya kwanza: kutosha chuma chini na kukipeleka juu ya kichwa mara moja. Ya pili: kukiweka kwanza kwenye mabega, kisha kukisukuma juu. Kwa kila namna unapewa nafasi tatu tu. Wanajumlisha uzito mkubwa wa kila namna. Lakini ukikosa zote tatu za namna moja, hauna jumla. Hata ile uliyofaulu haikusaidii.

3. London
Mwaka 2008 alikwenda Olimpiki ya Beijing, mwenye miaka 17. Hakupata medayi. Mwaka 2012, kule London, namna ya kwanza alifaulu. Namna ya pili alijaribu mara tatu, akakosa mara tatu. Alirudi bila jumla. Hiyo ni zero, tena mbele ya dunia nzima!

Hakuacha. Alitoka katika kundi la kilo 58 akaingia la kilo 53. Mwaka 2016, kule Rio, aliinua jumla ya kilo 200 akapata medayi ya fedha. Ufilipino ilikuwa imekaa miaka 20 bila medayi ya Olimpiki.

4. Tokyo
Mwaka 2020 ugonjwa wa korona ulifunga njia, yeye akiwa Malaysia. Alipokosa vyuma alifunga vyombo vya maji kwenye fimbo, akaendelea. Ile kazi ya utoto ilimsaidia tena.

Tarehe 26 Julai 2021, Liao Qiuyun wa Uchina alifikisha kilo 223. Hidilyn alibaki na nafasi moja. Namna ya kwanza alikuwa na 97. Akaomba 127, akaziinua: 224! Ilikuwa zahabu ya kwanza ya Ufilipino tangu 1924, ilipoanza kwenda Olimpiki. Na ilipatikana mu ile namna ya pili iliyomwangusha London.

5. Fundisho
Sisemi kila mwenye kujaribu anashinda. Mwaka 2024 Hidilyn mwenyewe hakupata nafasi ya kwenda Paris. Mwenzake Elreen Ando ndiye alikwenda. Lakini zero inahesabu siku ile, haihesabu mtu.

Mwenzetu mmoja amekwisha kwenda. Mwingine angali hapa, na kamba iko kwenye sanduku lake. Ndugu, fungua kamba. Jioni, kisha chakula, niko mu darasa la sita na kitabu cha hesabu.

Maulizo
a) Sababu gani Hidilyn alikosa jumla kule London?
b) Wewe umekosa namna gani, ya kwanza ao ya pili?

Mukubwa wa wanafunzi, mwaka wa 6