Virusi Havionekani, Kwa Hiyo Nimepona?

Mdogo wangu wa Nyalikungu, umeniruhusu nikujibu hapa bila kukutaja jina, nami nashukuru, maana hapo Maswa na huko Bariadi wapo wenzako wenye swali hilohilo ambao hawajathubutu kuliuliza.

Unasema kipimo cha mwisho kilionyesha virusi vya UKIMWI (VVU) havionekani. Ukafurahi, ukamwambia shangazi, mtu pekee anayejua siri yako. Naye akafurahi, akakupeleka kwenye maombi. Huko ukaambiwa umepona, na kwamba ukiendelea kumeza dawa maana yake huna imani. Sasa ni wiki ya pili hujameza, na usingizi umekuruka.

Nianze na furaha yako, maana ni ya haki kabisa. Wagonjwa watatu wa kwanza wa UKIMWI nchini walipogundulika Kagera mwaka 1983, hakukuwa na dawa ya kuwapa. Dawa za bure zilianza kutolewa mwaka 2004, tena wakati huo ulisubiri kwanza kinga ya mwili ishuke. Tangu 2016, ukikutwa na VVU unaanzishiwa dawa bila kusubiri udhoofike. Na leo mtu ambaye virusi vyake havionekani, akiendelea kumeza dawa yake kila siku, hamwambukizi mwenzi wake kwa kujamiiana. Tafiti kubwa zimelithibitisha hilo, si maneno ya kukupoza. Watoto unaowatamani utawazaa, na ukifuata dawa na kliniki, uwezekano wa kuwazaa salama ni mkubwa sana.

Ila kutoonekana siyo kutokuwepo. Virusi vimejificha ndani ya chembe za mwili, vimetulizwa na kidonge kile cha kila siku. Ukiacha, ndani ya wiki chache vinaanza tena kuzaliana. Tena ukiwa mtu wa kuacha na kurudia, kuacha na kurudia, vinaweza kuwa sugu, dawa uliyoizoea isivifae kitu. Kwa hiyo kile kipimo kizuri ni kazi ya dawa ulizomeza. Shangazi amekichukulia kama ruhusa ya kuziacha.

Hapa lazima nikukumbushe Loliondo, ambako kutoka kwenu ni upande wa pili tu wa Serengeti. Mwaka 2011 nchi nzima ilielekea kijiji cha Samunge kwa mchungaji mstaafu Ambilikile Mwasapila, tuliyemwita Babu. Kikombe cha dawa yake kilikuwa shilingi 500. Foleni ya magari ilikwenda kilomita na kilomita, wagonjwa wakalala barabarani, wengine wakafia humohumo kwenye foleni. Hata vigogo walikunywa. Mimi siwacheki walioenda, mtu akiwa na maumivu atapanda gari lolote. Kinachoniuma ni wale waliorudi nyumbani wakaacha dawa za VVU (ARV), wakaacha dawa za kifua kikuu, wakingoja kikombe kifanye kazi. Wapo waliorudishwa hospitali wakiwa wamebebwa. Babu mwenyewe alifariki mwaka 2021, na VVU bado havina dawa ya kuviondoa kabisa mwilini.

Sala usiache, hata mimi nasali. Lakini anayekuambia kidonge ni ukosefu wa imani, mwangalie vizuri usoni: huenda amevaa miwani, naye haiiti ukosefu wa imani.

Mgonjwa wa maradhi ya kudumu anahitaji kutumaini mambo yanayoshikika. Pamba ya msimu huu ifike mnadani. Mtoto aingie kidato cha kwanza ukiwepo. Ulime viazi, uanike michembe yako, uile mwakani. Mtu mwenye mipango ya namna hiyo hukumbuka kidonge, kwa sababu anajua anakimezea nini. Na zipo siku utaamka moyo mzito, hutaki kuona kopo la dawa wala kusikia habari za matumaini. Hizo pia ni zako, pita nazo, kidonge kimeze hata ukiwa umenuna. Uzito huo ukikaa wiki kadhaa, mweleze mhudumu wako, sonona inatibika.

Umeniambia pia kwamba umejaza pamba kwenye kopo ili vidonge visigonge-gonge mumeo akasikia. Ujanja huo wanawake wengi wanaujua. Mradi usivihamishie kwenye mfuko wa nailoni, unyevu utaviharibu. Viache kwenye kopo lake na kale kapakiti kake ka kukausha. Lakini kumficha mume maisha yako yote ni mzigo mwingine juu ya ugonjwa. Pale kliniki kuna washauri, mwombe mmoja akusaidie namna ya kumwambia, kwa wakati utakaoona ni salama kwako. Kwa sasa, kwa kuwa umeacha dawa, huwezi tena kutegemea lile jibu la mwanzo. Tumieni kondomu mpaka upimwe upya na virusi visionekane tena.

Shangazi usigombane naye, anakupenda. Mchukue mwende wote kliniki, muuguzi amweleze mwenyewe maana ya kile kipimo.

Na usisubiri tarehe iliyoandikwa kwenye kadi. Kesho asubuhi nenda, useme ukweli kwamba umeacha na tangu lini. Hata wakikuambia maneno makali, vumilia, chukua dawa zako, uniandikie.