Muhtasari wa Mtihani Mbele ya Hakimu

Kila mwalimu atungapo mtihani hana budi kujiuliza anapima nini. Nchini Marekani swali hilo lilifikishwa mahakamani, na waliolifikisha huko walikuwa walimu. Yafaa tuichunguze kesi yao, maana inaeleza uhalali wa mtihani vizuri kuliko fasili nyingi tulizozikariri.

Msingi wake uliwekwa mwaka 1971, katika kesi ya wafanyakazi weusi wa kampuni ya umeme ya Duke Power, North Carolina. Mahakama ya Juu iliamua kwamba mtihani unaowazuia weusi kwa wingi kuliko weupe haukubaliki, hata ikiwa mwajiri hakukusudia ubaguzi, ila athibitishe kuwa unahusiana na kazi yenyewe. Mwaka 1972 sheria iliyotumika ilipanuliwa, ikazihusu pia ajira za majimbo na miji.

Mwaka 1993 jimbo la New York lilianza kuwapa walimu mtihani wa elimu ya jumla: sayansi, hisabati, historia, sanaa na fasihi, pamoja na insha. Walimu weusi na wenye asili ya Amerika ya Kilatini walifaulu kwa kiwango cha chini kuliko weupe. Baadhi yao walikwisha kufundisha miaka mingi, nao wakanyang'anywa leseni na kupunguziwa mshahara. Mwaka 1996 wakaishitaki Halmashauri ya Elimu ya Jiji.

Kesi ilichukua miaka mingi. Mwaka 2012 Jaji Kimba Wood aliamua kwamba mtihani ule haukuwa halali. Mwezi Juni 2015 akaukataa na ule ulioufuata. Lakini Agosti mwaka huohuo akaukubali wa tatu, uliopima kusoma na kuandika.

Tofauti ilikuwa wapi? Watunzi wa mitihani miwili ya kwanza walianza na imani kwamba kila mwalimu sharti awe na elimu pana, kisha wakatafuta maswali. Hawakuanza kwa kuchunguza mwalimu hufanya nini kazini. Mtihani wa tatu ulitokana na viwango vya masomo ambavyo walimu wa jimbo hilo walipaswa kuvifundisha. Sisi nasi twaamini kwamba mwalimu apaswa kuwa na elimu pana. Lakini imani, hata ikiwa njema, si ushahidi, na hakimu alitaka ushahidi. (Hata hivyo ushindi ule haukuuokoa mtihani wa tatu: jimbo liliufuta mwaka 2017.)

Sasa tujaribu wenyewe. Tuseme shule inatafuta karani. Chora jedwali la safu tatu. Katika safu ya kwanza andika kazi zake: kuandika barua, kutunza majalada, kupokea fedha na kutoa stakabadhi, kupokea wageni. Katika ya pili andika ujuzi unaohitajiwa na kila kazi; katika ya tatu, swali au zoezi la kuupima. Kuandika barua hupimwa kwa kuandikisha barua, si kwa kuuliza sehemu za barua ni ngapi. Kisha chukua swali hili: "Taja mito mitano ya Ulaya." Litafutie mahali katika jedwali.

Mkimaliza, chukueni mtihani wowote mliotunga katika mazoezi ya kufundisha. Mahali pa kazi za karani wekeni madhumuni ya muhtasari wa darasa husika, kisha hesabuni maswali yaliyobaki nje ya jedwali.