Amri ya Kuzuia Si Hukumu ya Shamba

Twasikia mara kwa mara habari za ndugu wa tumbo moja walioshtakiana kwa ajili ya kihamba cha marehemu baba yao. Barua ya baraza ifikapo nyumbani, mara nyingi aitwaye kuisoma ni mwinjilisti wa mtaa, kwa kuwa watu humwamini. Basi imetupasa kujifunza maana ya neno moja lipatikanalo katika barua hizo, yaani amri ya kuzuia, au zuio la muda. Wengi hulifahamu vibaya, na kosa hilo huzaa ugomvi wa pili.

Tutwae mfano. Mume amekufa, naye mjane akaa na watoto wake katika kihamba cha mumewe huko Kilimanjaro. Matanga yakiisha, shemeji yake anakuja na panga, anakata migomba, anang'oa masale ya mpakani, akisema, "Hii ni ardhi ya ukoo, mwanamke hana fungu." Hapo yamechanganyika maswali mawili. La kwanza: ardhi ni ya nani? La pili: itatunzwaje mpaka la kwanza liamuliwe? Amri ya kuzuia hulijibu la pili tu.

Swali la kwanza lina njia yake. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999 imebatilisha kila desturi imnyimayo mwanamke haki ya kumiliki au kutumia ardhi. Lakini haki yataka mashahidi, na mali ya marehemu hudaiwa na msimamizi wa mirathi aliyewekwa na mahakama. Tena, mabadiliko ya sheria ya mwaka 2021 yameliondolea Baraza la Kata uwezo wa kuhukumu, likabaki na kazi ya kusuluhisha. Likishindwa katika siku 30, mlalamikaji aweza kwenda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya.

Mashauri huenda polepole, na mkahawa ukikatwa leo hausimami tena kesho kwa hukumu. Kwa hiyo mwenye shauri aweza kuomba zuio, akieleza kwa kiapo. Tangu shauri la Atilio na Mbowe la mwaka 1969, mahakama za Tanzania hupima mambo matatu. Je, liko jambo la kweli la kuamuliwa, na mwombaji ana matumaini ya kushinda? Je, asipolindwa atapata hasara isiyoweza kulipika? Je, ni nani atakayeumia zaidi, mwombaji akinyimwa zuio, au mwenzake akizuiwa? Mjane wetu aonyeshe yote matatu. Machozi peke yake hayatoshi.

Amri hiyo ina mwisho wake. Kwa Sheria ya Mwenendo wa Madai, haipiti miezi sita. Yaweza kuongezwa, lakini yote pamoja isizidi mwaka mmoja. Aivunjaye aweza kukamatiwa mali yake, hata kufungwa.

Sasa tuangalie makosa mawili. Aliyepewa amri hudhani ameshinda, akaanza kutafuta mnunuzi wa shamba. Aliyezuiwa hudhani ameshindwa, akaenda usiku kumaliza migomba. Wote wawili wamekosea. Aliyezuiwa akitii hapotezi haki yake hata kidogo; aliyelindwa naye amepewa muda tu, hakupewa shamba.

Kwa hiyo ndugu mwinjilisti, ukiitwa kusoma barua, isome yote. Angalia ni nani aliyezuiwa, amezuiwa kufanya nini, na mpaka siku gani. Kisha waeleze wote wawili maneno yale yale. Wala usidhani kazi ya wazee imekwisha: ndugu wakipatana shauri likiwa bado linaendelea, mapatano yao yaweza kuandikwa na kuthibitishwa na baraza. Wachaga hupanda sale mpakani, na jani la sale lile lile humpelekea mtu waliyemkosea, kumwomba msamaha. Muda wa zuio watosha kulipeleka.

Maswali ya kujibu mkutanikapo:
1. Mjane amepewa zuio. Je, aweza kuuza sehemu ya kihamba? Kwa nini?
2. Shemeji yake aamini kwamba ana haki. Afanye nini siku ya kupokea amri?