Namna ya Kuusoma Mchoro wa Beardsley

Ukitaka kujifunza kuichambua sanaa ya dekadensi, ule mkondo wa Ulaya wa mwishoni mwa karne ya 19 uliothamini kilichobuniwa kuliko cha asili, anza na Aubrey Beardsley. Mwingereza huyu alifariki 1898 kwa kifua kikuu akiwa na miaka 25. Tafuta michoro yake ya tamthilia ya Oscar Wilde, Salome, toleo la Kiingereza la 1894.

Kashfa iliyoizunguka michoro hiyo iache kwanza. Uliza picha ilichapwaje. Mchoro wa wino ulipigwa picha, ukahamishiwa kwenye bamba la zinki, asidi ikala pasipo na mstari na mistari ikabaki imeinuka. Bamba la namna hiyo halitoi kijivu: ni wino au karatasi tupu. Kwa hiyo weusi mzito na mistari myembamba kama unywele si lazima utokane na roho yenye giza, kama wapenda visa wanavyodai. Kijana huyu aliijua mashine.

Sasa funika kwa kiganja sehemu nyeusi kubwa kuliko zote. Picha ikionekana kuelemea upande mmoja, umeshapata nguzo yake. Kisha nenda pembeni, maana Beardsley huficha utani huko. Mwezi katika mojawapo ya michoro hiyo una sura ya Wilde mwenyewe. Penye meza ya vipodozi ya Salome, binti wa zama za Biblia, pamepangwa vitabu, na kimojawapo ni Nana, riwaya ya Zola ya karne ya 19! Mchoro huo una matoleo mawili, kwa kuwa la kwanza lilikataliwa. Yaweke yote mawili mbele yako uone kilichoondolewa. Hapo ndipo utajua mchapishaji aliogopa nini.

Ukiona ufanano na kazi nyingine, usitangaze athari mpaka uthibitishe kwamba msanii aliiona. Tausi wa kwenye sketi ya Salome wanakumbusha chumba cha tausi alichokipamba mchoraji Whistler huko London mwaka 1876 na 1877. Hapa hoja inasimama: Beardsley alikizuru chumba hicho 1891.

Mwisho, hakiki tarehe na visa kabla ya kuandika. Wilde alipokamatwa Aprili 1895, ilienea habari kwamba alikuwa amebeba The Yellow Book, jarida ambalo Beardsley alikuwa mhariri wake wa sanaa. Kumbe ilikuwa riwaya ya Kifaransa yenye jalada la manjano, na Wilde hakuwahi kuchapisha chochote katika jarida hilo. Hata hivyo watu walivunja madirisha ya ofisi ya wachapishaji wa jarida, na Beardsley akafukuzwa kazi.